Dakika Thelathini na Nne Kutoka Schuman

Anderlecht, 3 Machi 2025

Maman Lucienne, marraine wangu, msimamizi wa ndoa yangu,

Usishtuke kupokea barua ya karatasi kama enzi za wazazi wetu. Simu yangu inasomwa. Kila nikimaliza kuosha vyombo naiweka mezani mbele ya bwana wangu Hénock, anapitia ujumbe mmoja mmoja, na akikuta pengo anataka kujua nilifuta nini. Ndiyo maana nakuandikia kazini, saa ya mapumziko, juu ya karatasi niliyoiokota kwenye pipa la ofisi ninazosafisha hapa Schuman, Brussels. Nyuma yake wakubwa wa Ulaya wanajadili samaki. Usiwajali.

Nianzie wapi? Nianze na metro. Wiki yangu ya kwanza ya kazi Hénock alinisindikiza huku anapima kwa saa: kutoka mlango wa ofisi mpaka kituoni, laini ya 5 mpaka Saint-Guidon, kisha kwa miguu mpaka mlango wetu. Dakika thelathini na nne. Nikitumia arobaini, naulizwa nilikuwa na nani. Nikitumia arobaini na tano, hanisemeshi siku mbili, wala siruhusiwi kusema na mtu mwingine. Mchana ananipigia kwa video aone mahali nilipo: "Onyesha mi fasi uko. Zungusha simu. Zungusha tena." Nimeizungusha chooni, Maman. Nimeizungusha mbele ya Wazungu walio mkutanoni, ndoo mkononi, nao wakanyamaza kunitazama.

Carte yangu ya ukaazi iko kwenye droo yake, ati isipotee. Kwaya nimeachishwa kwa sababu wanaume nao wanaimba. Mama yangu naongea naye Hénock akiwa amekaa kando anasikiliza. Nikinung'unika ananiambia, "Bila miye banakurudisha Lubumbashi na ndege ya asubui."

Hajawahi kunipiga hata kofi. Nalisema mwenyewe kwa kuwa najua ndilo utakaloniuliza kwanza.

Nakuomba kitu kimoja: nipokee kwako Liège, hata juma moja, nipate kupumua. Na Hénock asijue. Nakuomba sana, Maman, asijue. Nijibu kwa anwani ya Gracieuse, mwenzangu wa kazi anayekaa Ixelles. Nimeiandika nyuma ya bahasha.

Mtoto wako,
Larissa

* * *

Liège, 12 Machi 2025

Binti yangu Larissa,

Barua yako na samaki wake vimefika salama. Nilicheka peke yangu jikoni, kisha nikasoma upande wa pili na kicheko kikaisha.

Sasa nisikilize. Una bwana asiyekunywa, asiyezurura, anayeingia nyumbani kila siku kwa saa yake. Unajua wanawake wangapi kanisani kwetu wangekesha wakimshukuru Mungu kwa bwana wa namna hiyo? Marehemu bwana wangu Papa Kyungu, Mungu amrehemu, alikuwa akipotelea kwenye baa za Kamalondo Ijumaa na kurudi Jumapili akinuka bia. Hakuna siku hata moja aliyouliza Lucienne yuko wapi. Ningefurahi angeuliza! Wewe unaulizwa, unalia. Hénock ana wivu kidogo, bon, ni kijana. Wivu hupungua watoto wakija.

Juu ya kukupokea hapa kwa siri, hapana. Siku ya harusi yenu mimi na Papa Kyungu tulisimama nyuma yenu wote wawili. Tuliitwa parrain na marraine wa ndoa, hatukuitwa wakili wa mmoja. Nikikuficha bila bwana wako kujua, nitakuwa nimeiba mke wa mtu, na hao wote waliotuamini watatema mate nikipita.

Kwa hiyo nimefanya kama tunavyofanya sikuzote, ugomvi ukiletwa, tunasikiliza pande mbili. Juzi nilimpigia Hénock simu, akashangaa, maskini. Ili asijibu asichokijua, nilikuwa nimeshamtumia barua yako kwa posta. Atakuwa ameipata. Ameahidi kuniandikia upande wake, naye ni mtu wa kutimiza ahadi.

Mketi pamoja, muisome, muombane msamaha. Nikija Brussels mwezi wa tano nitapika sombe ya majani ya muhogo.

Mama yako katika ndoa,
Lucienne Kyungu

* * *

Anderlecht, 20 Machi 2025

Mheshimiwa Maman Marraine,

Nakushukuru kwa kunipa nafasi ya kujieleza, na kwa kunitumia ile barua. Mwingine angeificha na kuibomoa nyumba yetu. Wewe umetenda kama mzazi.

Sina la kukana. Ni kweli simu yake naisoma, maana mke na mume ni mwili mmoja, siri ni ya nini? Ni kweli carte yake na kadi yake ya benki ninazitunza mimi. Larissa ni msahaulifu, wewe mwenyewe unamjua. Ni kweli nilipima njia yake ya kutoka kazini, na ni kweli akipitisha muda nauliza. Unajua kazi yangu, Maman: nasimamia ghala la vifurushi. Kwetu kifurushi kikipita dakika tano bila kuonekana kwenye skrini, tunasimamisha kazi tujue kiko wapi. Kifurushi cha mtu nisiyemfahamu! Je, mke wangu nimchunge kidogo kuliko hicho?

Nimemwambia pia kwamba bila mimi atarudishwa. Ni vizuri mtu ajue amesimama juu ya nini.

Sijamwinulia mkono na sitamwinulia. Baba yangu alimpiga mama yangu mbele yetu, nami nikaapa kwamba nyumba yangu haitakuwa hivyo. Nyumba yangu ina utaratibu. Kwa utaratibu huo nimeona Larissa aache kazi ya Schuman tangu tarehe 13, apumzike. Yule Gracieuse alikuwa anamharibia kichwa.

Naye amekuandikia. Nimeweka karatasi yake katika bahasha hii hii.

Mwana wako mtiifu,
Hénock Kabeya

* * *

Anderlecht, 20 Machi 2025

Mheshimiwa Maman Lucienne,

Naandika kukuomba msamaha kwa barua yangu ya tarehe 3 Machi. Nilikuwa nimechoka na nilitia chumvi. Hénock ni bwana mwema anayenijali. Kazi nimeiacha kwa hiari yangu. Nina furaha nyumbani.

Tafadhali usiandike tena kwa anwani ya Ixelles. Mtu huyo si rafiki wa kweli.

Barua hii nimeiandika mwenyewe, bila kulazimishwa na mtu yeyote.

Madame Kabeya

* * *

Ixelles, 15 Aprili 2025

Maman Lucienne,

Hunifahamu. Mimi ndiye mtu wa anwani ya Ixelles, Gracieuse, wa Bukavu. Nafagia ghorofa ya nne na Larissa alikuwa anafagia ya tano.

Barua yako kwake ilinifikia tarehe 14 Machi. Larissa alikuwa ameacha kuja kazini tangu jana yake. Nilisubiri mwezi mzima nimkabidhi mkononi, mwishowe nikaifungua. Nisamehe, au usinisamehe, sijali. Niliisoma nimesimama, na nilipofika mahali unaposema umemtumia bwana wake barua yake, niliurudia mstari huo mara tatu.

Alikuomba kitu kimoja, Maman. Alikuomba usimwambie mtu mmoja. Katika dunia yote hii yenye watu, ukamchagua huyo huyo! Nami nilikuwa najua alivyoiandika barua ile. Siku tatu, dakika kumi kumi, mimi nikilinda mlango. Alikuwa anaificha ndani ya glavu za kazi.

Jumamosi nimemwona kwenye soko la Abattoir. Amekonda. Hénock alikuwa amemshika mkono juu ya kiwiko, na watu wanaopita wanaona mapenzi. Nikamwita, "Larissa, jambo! Habari ya siku mingi?" Akazidi kuangalia nyanya. Nilikuwa karibu naye kama wewe na karatasi hii, naye aliangalia nyanya.

Nina hasira na wewe na sitaificha. Mimi pia nilikuwa na bwana kule Bukavu. Familia ilitusuluhisha mara nne, kila mara kwa sala na soda, kila mara narudishwa nyumba ile ile. Mnajua sana kusikiliza pande mbili. Mnasahau kwamba baada ya kikao upande mmoja unarudi nyumbani na ule mwingine, na mlango unafungwa.

Mimi mlango wa Hénock sitafunguliwa. Wewe ni marraine, hawezi kukufungia. Nenda ukaone kwa macho yako. Ukiona ni wivu kidogo, chana barua hii.

Gracieuse

* * *

Liège, 6 Mei 2025

Gracieuse, binti yangu, ukiniruhusu kukuita hivyo,

Barua yako sikuichana. Nimeisoma mpaka imelegea kwenye mikunjo.

Nilikwenda Jumamosi tarehe 3, nimebeba sombe kama mtu aliyekuja kusalimia tu. Hénock alinipokea kwa mikono miwili, akanivua koti, akanipa kiti chake. Nyumba inang'aa. Larissa aliniamkia, kisha akamtazama bwana wake kuona kama ameamkia sawasawa. Nililiona hilo, lakini bado nilijiambia labda ni haya tu.

Nikasema nataka makemba, ndizi za kukaanga, Larissa anisindikize dukani. Hénock akatabasamu, akatupimia dakika kumi. "Muende, Maman. Mais dix minutes."

Duka liko kona ya pili. Kati ya mlango na duka simu ililia mara tatu. Mara ya pili aliambiwa, "Onyesha maman." Nami nikapunga mkono kwenye simu, kama mjinga. Dukani walikuwapo watu wanne mbele yetu. Wa kwanza alikuwa anatafuta sarafu kwenye mkoba, taratibu, mzee wa watu. Larissa akaanza kutetemeka. Si kutetemeka kwa baridi, Gracieuse. Meno yalikuwa yanagongana. Ghafla akaweka makemba chini na kunishika mkono: "Maman, tuende, tuende, tutachelewa."

Tukakimbia. Mwanamke wa miaka sitini na mitatu, na pagne yangu, kitenge cha kanisa, nimekimbia kwenye barabara za Anderlecht kwa kumwogopa mtoto niliyemwombea baraka mimi mwenyewe. Magoti haya hayajakimbia tangu nilipokuwa shuleni. Hénock alikuwa amesimama mlangoni, simu mkononi. "Quatorze minutes, Maman," akasema, maana tulizidisha dakika nne, na bado anatabasamu.

Hapo ndipo nilipoisoma kweli barua ya Larissa. Ilinifikia Machi, macho yakaipita tu.

Nilikula. Nilisifu nyumba. Kisha nikasema kwa sauti yangu ya kikao: "Hénock, mutoto wangu, bibi yako iko na kichwa nguvu. Nipe miye juma moja, nimufundishe." Unajua desturi yetu, marraine anaweza kumchukua mke na kumfunda upya, na hakuna bwana anayekataa, maana ni heshima kwake. Uso wake ukachanua. Nikasema kwamba kwenye treni wanaweza kutuuliza karatasi, basi akaenda mwenyewe kwenye droo akaleta carte. Alitufungulia mlango na kutubebea mfuko mpaka kituoni! Nilikuwa nimeketi kwenye kiti chake nikimdanganya, na sikuona haya hata chembe.

Kwenye treni Larissa aliukumbatia mfuko mpaka Leuven. Kisha akaniuliza, "Maman, kweli utanifunda?" Alikuwa ameamini, hata yeye. Nililia mbele ya abiria.

Tangu jana Jumatatu yuko kwenye nyumba ya wanawake waliokimbia mabwana, Brussels, mahali ambapo hata mimi sijapewa anwani. Wamefanya vizuri kutonipa.

Lucienne

* * *

Brussels, mahali nisipopataja, 2 Juni 2025

Maman Lucienne,

Barua hii inapita kwa mwanasheria wa hapa. Nalala. Ndilo jambo la kwanza nililotaka ujue.

La pili ni kwamba nina hasira mpaka mikono inauma. Nilikwenda polisi. Nilingoja kwa subira, nikaeleza yote kwa Kifaransa changu cha shule: metro, video, carte, kwaya, mama yangu. Polisi alikuwa kijana, hakuwa mbaya. Akaniuliza, "Alikupiga?" Hapana. "Alikutishia kwa kisu, kwa kitu chochote?" Hapana. "Una alama?" Hapana. Akaweka kalamu chini. "Basi, Madame, amekufanyia nini hasa?"

Miaka minne, Maman! Miaka minne sijaamua hata rangi ya kucha zangu, na kwa kuwa ngozi yangu ni nzima, sijafanyiwa kitu. Kama Hénock angeniibia simu barabarani wangeandika ukurasa mzima. Ameniiba mimi mzima na karatasi yao imebaki nyeupe. Nilitamani, Mungu anisamehe, nilitamani angenipiga japo mara moja, nipate cha kuonyesha. Ona mahali wanapotufikisha.

Mwanasheria aliporudi nami kituoni, waliandika. Amenieleza kwamba sheria ya hapa, tangu miaka miwili iliyopita, inalitaja jambo hili kwa jina, contrôle coercitif, yaani kumtawala mtu kwa shuruti, na kulihesabu miongoni mwa ukatili. Lakini kifungo kwa jina hilo lenyewe bado wanabishania. Kwa sasa watamfuata kwa kunisumbua na kunitishia, maana hayo yana adhabu. Ugonjwa umepewa jina, dawa bado wanaijadili, na sisi wagonjwa tungoje foleni. Hata hivyo nitaendelea. Sitaki Hénock aoze gerezani. Nataka jaji mwenye joho aseme mbele yake, kwa sauti, kwamba hili ni kosa na lina adhabu. Asipolisema, Hénock atapata mwingine, atampimia njia, na atalala vizuri.

Shida ni ushahidi. Ni neno langu na neno lake, na neno lake ni zuri, unalijua. Ndiyo maana nakuandikia. Ile barua aliyokuandikia Machi, unayo? Alinisomea yote kabla ya kuipeleka posta, kwa fahari, neno kwa neno, na kalamu akanipa mimi niandike yangu. Mwanasheria anasema barua ya namna hiyo, yenye tarehe na sahihi, ni nadra kuipata.

Najua ninachokuomba. Marraine hatoi nje yaliyosemwa ndani ya ndoa. Mara ya kwanza nilikuomba ufiche, ukatoa. Sasa nakuomba utoe.

Sijakusamehe bado, Maman. Nitakuambia siku hiyo ikifika. Lakini kwenye treni ulilia kabla yangu, na hilo sijalisahau.

Larissa

* * *

Liège, 27 Juni 2025

Hénock,

Nimepata jumbe zako zote za simu, na za wajomba zako wa Likasi. Mnaniita mwizi wa mke. Mnataka kikao cha familia, pande zote mbili, na mimi niketi katikati kama zamani. Mnanikumbusha kwamba marraine hufa na siri za ndoa.

Ndivyo nilivyofundishwa, kweli. Kwa mafundisho hayo hayo nilichukua kilio cha binti wa watu nikakitia kwenye bahasha, nikakutumia wewe. Nimejiuliza siri hiyo inamlinda nani. Haikumlinda Larissa hata siku moja.

Barua yako ya tarehe 20 Machi niliiweka ndani ya Biblia. Unajua kwa nini? Niliona ni nzuri. Niliwasomea akina mama wa kanisa, nikawaambia huyu ndiye bwana anayejali. Walitikisa vichwa kwa kukubali, wote, isipokuwa wawili walioangalia chini. Hao wawili nimewatafuta tangu siku hiyo, na tumeongea.

Jumatatu nimeitoa kwenye Biblia nikaipeleka polisi Brussels. Kwa kuwa uliiandika kwa Kiswahili, waliita mfasiri aliyeapishwa. Akaisoma kwa Kifaransa, mstari kwa mstari, na polisi anaandika: simu anaisoma, carte anaitunza, njia ameipima, kazi ameiachisha, amemwambia atarudishwa. Alipofika kwenye kifurushi akasimama, akaniuliza kwa upole kama ameelewa vizuri. Nikamwambia, "Umeelewa, papa. Endelea." Mpaka mwisho hakuna aliyeuliza habari za alama. Chini kabisa kuna sahihi yako, ile ya mapambo, unayoipenda.

Hakuna aliyekusingizia, Hénock. Hakuna aliyetia chumvi. Umejieleza wewe mwenyewe, kwa mwandiko mzuri, kwa sababu hukuwaza hata kidogo kwamba ni kosa. Na mimi sikuwaza. Hiyo ni aibu yangu, nitaibeba, nimeisema polisi nayo ikaandikwa. Yako hujaanza kuibeba.

Uliapa hutakuwa kama baba yako. Mama yako alikuwa na alama, angalau majirani waliziona.

Usinitafute tena kama mama. Kikao chako umepata, ila sitaketi katikati. Nitaketi upande wake. Mwanasheria wa Larissa ameniambia unaitwa polisi kuhojiwa Jumatano tarehe 9 Julai, saa tatu kamili asubuhi. Karatasi ya wito itakufikia. Pima njia.

Usichelewe.

Lucienne Kyungu